Miezi Kumi na Moja Bila Shtaka

Kila asubuhi Thenmozhi alichoma dosa nne, chapati nyembamba za unga wa mchele. Mumewe Ilango alikula, akawasha bajaji yake na kwenda zake. Thenmozhi alibaki nyumbani na mama mkwe.

Zamani, saa hizo angekuwa dirishani akigawa dawa. Alikuwa mfamasia wa hospitali ya serikali, katika mji mdogo usio mbali na Madurai, kusini mwa India. Kisha makasha sita ya dawa za kisukari yakapotea ghalani. Mkuu wa hospitali akamsimamisha kazi asubiri uchunguzi. Barua ya kumsimamisha ilimkataza pia kutoka mjini bila ruhusa.

Akasubiri. Hakuna aliyemwita wala kumhoji.

Bombani wanawake walimdhihaki. "Dada, sukari yangu imepanda leo. Huna kikasha kimoja chini ya kitanda?"

Alijaza ndoo, akaondoka.

Mwezi wa kumi wa kusubiri, kaka yake alipiga simu kutoka kwao, Nagercoil. "Baba ni mgonjwa sana. Anakuulizia wewe tu."

Siku hiyohiyo Thenmozhi alipeleka barua ya kuomba ruhusa. Kesho yake akaenda kuuliza. "Bosi hajaisoma," karani alimwambia. Siku ya tatu, jibu lilikuwa lilelile. Siku ya nne simu ikalia tena.

"Usihangaike, dada. Baba amefariki, na mwili tumeshauchoma. Hatukuweza kukungoja."

Tangu hapo hakusuka nywele. Alikaa akitazama ukuta. Mama mkwe aliogopa, akamwita jirani yao, mzee Arokiasamy, karani mstaafu wa mahakama.

Mzee aliisoma ile barua ya kusimamishwa mara mbili. "Hati ya mashtaka iko wapi?"

"Hati gani, mzee?"

"Karatasi inayosema umekosa nini, lini, na ushahidi ni upi."

"Sijapewa."

"Miezi kumi na moja! Mwanangu, kusimamishwa si adhabu. Unawekwa kando kwa muda ili uchunguzi ufanyike. Wasipochunguza, umeadhibiwa bila kuhukumiwa. Hapo mahakama inaweza kuingilia."

"Itasema mimi si mwizi?"

"Nisikudanganye. Hilo ni la uchunguzi. Mahakama itauliza kitu kimoja: kwa nini bado uko nje ya kazi?"

"Kumbe ningeweza kwenda mahakamani mapema," alisema Thenmozhi polepole. "Ningekuwa huru baba alipougua."

"Mbona hukuniuliza? Tunapakana ukuta."

"Niliona aibu, mzee."

Mama mkwe alifunika uso kwa ncha ya sari yake.

Kwanza Thenmozhi aliandika kwa mkuu wa hospitali, akiomba kusimamishwa kwake kuangaliwe upya. Mzee alimhimiza abaki na nakala yenye muhuri. Wiki tatu zikapita bila jibu. Ndipo wakaenda kwenye ofisi ya msaada wa sheria. Wakili wa pale, mama mmoja aitwaye Jacintha, hakudai ada. Alipeleka ombi Mahakama Kuu, Madurai.

Siku ya kesi Thenmozhi alisafiri kwa wito wa mahakama. Jaji alimgeukia wakili wa serikali. "Uchunguzi umefika wapi?"

"Uko njiani, mheshimiwa."

"Umetoka wapi?"

Watu wakacheka. Thenmozhi hakucheka.

Jaji aliamuru arudishwe kazini. Hospitali ingeweza kumpanga mbali na lile ghala. Mashtaka, kama yapo, yaandikwe, ajitetee, na uchunguzi uishe ndani ya miezi mitatu.

Alipangiwa zahanati ya mlimani, mwendo wa saa moja kwa basi. Hati ya mashtaka ilifika wiki ya pili. Safari hii hakujificha. Siku hiyohiyo aliipeleka kwa Jacintha, wakaanza kuandika majibu.

Jioni alimkuta mzee Arokiasamy mlangoni pake.

"Umerudi kazini, mwanangu. Umefurahi?"

"Nimerudi, mzee," alisema. "Kufurahi bado."