Siku Tisa Dirishani

Walikutana Soko la Mgandini, kwenye meza ya rangi za ukindu, kila mmoja amekamata kopo lile lile la zambarau.

"Kaka, niachie. Mie nina kazi nayo," alisema Nasma, baibui lake limechafuka rangi mpaka mikononi.

"Mie nataka kuirekodi tu, dada. Chukua."

Idarusi alitengeneza filamu zisizo na waigizaji wala hadithi, mwanga tu unavyotembea juu ya vitu. Nasma alikuwa mchoraji. Wakapendana, nani angewazuia?

Mwezi wa tatu wa mapenzi yao Nasma akamwazima picha aliyoichora kitambaani, kwa rangi hizo hizo za ukindu, ya marehemu mama yake, msusi wa mikeka, aliyekataa kupigwa picha maisha yake yote. Sura ile haikuwapo kwingine popote.

"Itunze, Ida."

"Kama mboni ya jicho, mpenzi."

Basi bwana huyo akaitundika dirishani, chumbani kwake Raskazone, akarekodi jua likiipitia siku tisa. Msusi yeyote wa mikeka angemwambia rangi ya ukindu haiachwi juani, inapauka. Hakuuliza. Na kwa kuitazama kila siku, hata hakuona ikiondoka.

Siku ya kumi Nasma akaja na maandazi. Uso wa mama yake ulikuwa umebaki doa la manjano.

"Umemfanya nini mama?"

"Nasma, nilitaka mwanga tu..."

"Umenizikia mama yangu mara ya pili."

Wiki nzima hakupokea simu, na mimi simlaumu. Mwishowe Idarusi akamtumia ujumbe wa sauti: "Njoo dakika tano. Ukitoka, sikusumbui tena."

Nasma akaenda, akamkuta ameziba madirisha kwa mablanketi mchana kweupe. Akawasha projekta, akairusha filamu juu ya kitambaa kile kile kilichopauka, akiirudisha nyuma, siku ya tisa hadi ya kwanza. Zambarau ya kanga ya mama ikarejea. Kisha mashavu. Kisha macho.

Nasma akakaa sakafuni, akalia.

"Simamisha hapo. Una rangi?"

"Za mafuta. Safari hii nimeuliza, hazipauki."

Akachukua brashi, akaanza kupaka palepale mwanga ulipoangukia, mstari kwa mstari. Idarusi akasogea karibu.

"Nisamehe. Nataka kuja kwenu kuposa."

Nasma hakugeuka.

"Tuma mshenga Ijumaa," alisema. "Sasa hivi sogea, kivuli chako kimemziba mama."