Mlango wa Mbele wa Akina Hudak

Verna Hudak alifika nyumbani saa kumi kasorobo alasiri, kama kila siku. Alivua viatu kwenye ukumbi wa nyuma. Kutwa nzima alikuwa amesimama katika chumba cha kufulia cha hospitali, akikunja mashuka ya moto. Miguu yake ilikuwa imevimba.

Aliingia jikoni kwa mlango wa nyuma. Katika mji wa Brannock, kama katika miji mingi midogo ya Pennsylvania, hakuna anayetumia mlango wa mbele. Mlango wa mbele ni wa padri na mtu wa bima.

Mumewe, Leonard, alikuwa anamenya viazi. Alikuwa na miaka sitini na sita. Alifanya kazi katika kiwanda cha vioo mpaka mgongo ukakataa, akapasuliwa, na tangu hapo alitembea polepole.

"Kuna barua?" Verna aliuliza.

"Zipo."

"Umezifungua?"

"Nitazifungua."

Tangu Leonard apasuliwe, hospitali ilikuwa inawaandikia kila wiki kudai pesa. Leonard alizichoka barua. Alizipanga juu ya friji bila kuzifungua. Mtu wa posta alipoleta kikaratasi cha kumwita akachukue barua ya rejesta, alikitia mfukoni, na suruali ikafuliwa nacho.

Viazi viliiva, na walikuwa hawajaanza kula mtu alipogonga mlango wa nyuma. Alikuwa jirani yao, Bernadine Sabol. Bernadine ndiye mkusanya kodi wa mji. Watu wa Brannock humchagua kwa kura kila baada ya miaka minne, na kila Jumanne na Alhamisi hupokea kodi kwenye meza ndogo katika kibaraza chake. Kabla yake, kazi hiyo ilikuwa ya mama yake.

"Verna, shoga," Bernadine alisema. Hakukaa. "Lini mara ya mwisho mmeutazama mlango wenu wa mbele?"

"Una nini mlango wa mbele?"

"Njooni muone."

Walizunguka nyumba, Leonard nyuma yao na kisu cha mezani bado mkononi. Karatasi ya rangi ya chungwa ilikuwa imebandikwa mlangoni kwa utepe wa gundi. Ilikuwa pale tangu Jumatatu. Siku hiyo ilikuwa Alhamisi. Mtaa mzima ulikuwa umeisoma, isipokuwa wenye nyumba.

Verna aliisoma mara mbili. Ilisema kwamba nyumba hii ina kodi ambayo haijalipwa. Ilisema kwamba isipolipwa, kaunti itaiuza kwa mnada mwezi wa Septemba. Zilikuwa zimebaki wiki tano.

"Wamekosea nyumba," Leonard alisema. "Hii yetu tuliimaliza. Mkopo wa benki tuliulipa wote, miaka thelathini. Karatasi zake tulizichoma hapo uani, watu wakiona."

"Najua, Leonard," Bernadine alisema. "Nilikuwapo. Nilileta saladi ya viazi."

Kweli alikuwapo. Mtu akimaliza mkopo wa nyumba, hapa kwetu huwaita majirani na kuchoma karatasi za benki. Leonard alikuwa amewasha moto kwenye pipa. Alitupa bahasha moja baada ya nyingine, na watu wakapiga makofi. Ilikuwa siku njema. Verna aliikumbuka kama siku ya mwisho ambayo hakuwa amechoka.

Walirudi jikoni. Viazi vilikuwa vimeanza kupoa. Bernadine sasa alikaa.

"Kodi ilikuwa inalipwa na nani miaka hiyo yote?" aliuliza.

"Benki," Verna alisema. "Ilikuwa ndani ya malipo ya kila mwezi."

"Sawa. Benki ilikuwa inachukua pesa yenu, inaweka kando sehemu ya kodi, halafu inaniletea mimi. Mkopo ulipoisha, benki ikaacha. Haina tena nyumba yenu mkononi. Tangu siku ile, kodi ni ya kulipa wenyewe. Benki huwa inatuma barua kueleza hivyo."

Verna alimtazama mumewe. Leonard aliweka kisu chini.

"Ilikuwa mle kwenye pipa," alisema.

"Hukuzisoma kabla ya kuzichoma?"

"Nani husoma kitu anachokwenda kukichoma?"

Verna alikwenda kabatini akatoa kopo la biskuti. Ndani yake mlikuwa na karatasi za kodi ya shule, iliyo sehemu kubwa ya kodi ya nyumba, za miaka mitatu, zimekunjwa vizuri. Alikuwa amezihifadhi zote. Kwa miaka thelathini karatasi kama hiyo ilikuja kila Julai, na kila mara ilikuwa nakala tu, kwa taarifa, kwa sababu benki ndiyo iliyolipa. Alizoea kuitia koponi bila kuitazama. Sasa aliitazama. Palipokuwa pakiandikwa neno nakala, hapakuwa na kitu.

"Mjinga mimi," alisema.

"Si mjinga. Umechoka," Bernadine alisema. "Wewe ni wa nne mwaka huu."

Verna alikunja karatasi. Kisha akainua kichwa, na sauti yake ikabadilika.

"Bernadine. Kila Jumatano jioni tunakaa kwenye ukumbi wa kanisa, wewe na mimi, tunakunja unga juu ya viazi, pierogi za kuuza. Bega kwa bega. Ulikuwa unajua?"

Bernadine alitazama karatasi za koponi.

"Nilijua. Nilituma kikumbusho, kisha ilipofika Januari nikayapeleka majina ya wasiolipa kaunti, kama sheria inavyotaka. Baada ya hapo iko mikononi mwa kaunti, nao ndio hutuma barua ya rejesta. Nilikula kiapo nisiongelee kodi ya mtu mbele ya watu."

"Jikoni kwangu kuna watu?"

"Hakuna," Bernadine alisema. "Ningeweza kugonga mlango. Niliona haya. Nilidhani mmekwama na pesa, na sikutaka kuwaaibisha. Ni kosa langu, Verna. Ndiyo maana nimekuja leo kabla hata ya kufunga kibaraza."

Leonard alisogeza sahani ya viazi mbele ya Bernadine. Kwa Leonard, hiyo ilikuwa namna ya kusema yamekwisha. Verna alikawia zaidi.

"Lakini niambie jambo moja," Leonard alisema. "Mtoto wetu wa mwisho alitoka shule ile miaka ishirini na mbili iliyopita. Ninamlipia nani?"

"Kodi ya shule hulipwa na nyumba, Leonard, si na mtoto. Kaunti ina daftari la thamani ya kila nyumba na kila kiwanja. Kila Juni bodi ya shule inapanga kiwango. Thamani mara kiwango, hiyo ndiyo kodi yako. Mikutano yao iko wazi. Nenda ukawagombeze, una haki."

"Bado hujanijibu."

"Unamkumbuka mzee Petrasek? Hakuwa na mtoto hata mmoja. Wanao watatu walipokuwa shuleni, alilipa kila mwaka kwa mama yangu. Mwalimu wa kusoma wa Denise, binti yenu, yule aliyekaa naye mpaka akaacha kulia kila asubuhi, alilipwa na nani? Na Petrasek, na wengine kama yeye."

"Petrasek alilalamikia kila kitu."

"Alilalamika, akala biskuti za mama, akalipa. Tena alilipa mapema apate punguzo."

Leonard karibu acheke. "Mzee bahili yule," alisema kwa upole.

Verna alikuwa amefika mwisho wa karatasi ya kaunti. Deni lilikuwa kodi ya shule ya miaka miwili, na ile ndogo ya kaunti na mji, pamoja na faini na riba. Jumla ilikuwa dola elfu tano na mia mbili.

"Hatuna," alisema. "Tuna elfu mbili tu za kununua tanuri jipya la kupasha nyumba joto. Zaidi ya hizo hakuna."

"Hamhitaji zote," Bernadine alisema. "Sikilizeni vizuri. Kesho nendeni kaunti, kwenye ofisi ya madai ya kodi. Msipige simu. Nendeni wenyewe, na karatasi hii na vitambulisho. Ombeni mkataba wa kulipa kidogo kidogo. Wanataka robo ya deni siku hiyo. Zinazobaki mnalipa kwa awamu ndani ya mwaka. Mkisaini na kulipa robo, nyumba inaondolewa kwenye mnada. Lakini mkikosa awamu moja, inarudi. Kwa hiyo msikose."

"Na hii ya mwaka huu?" Verna alishika karatasi ya tatu.

"Hiyo bado iko kwangu. Ukilipa yote kabla ya mwisho wa Agosti, unapunguziwa asilimia mbili. Ukichelewa mpaka Novemba, unaongezewa kumi. Au unaigawa mara tatu, bila punguzo na bila faini. Nyinyi igaweni mara tatu."

Alichukua kalamu, akaandika nyuma ya bahasha ya hospitali.

"Kuna mengine mawili. Kwanza, punguzo la mwenye nyumba anayeishi humo mwenyewe. Hii ni nyumba yenu na mnalala humu, kwa hiyo ni haki yenu. Lakini hailetwi na upepo. Lazima ujaze fomu, uipeleke kaunti kabla ya tarehe moja Machi. Ni bure, na kwa kawaida hujazwa mara moja tu. Pili, Leonard ana zaidi ya miaka sitini na mitano na kipato chenu ni kidogo. Kila mwaka jimbo hurudisha sehemu ya kodi kwa watu kama nyinyi. Kwanza ulipe, kisha uombe. Fomu zote ziko kibarazani kwangu, kwenye sanduku la viatu."

"Miaka yote hii haki hiyo ilikuwapo?" Leonard aliuliza.

"Ilikuwapo. Hakuna aliyewaambia, na nyinyi hamkuuliza."

Kesho yake Verna aliomba ruhusa kazini. Alikatwa mshahara wa siku. Walikaa saa mbili kwenye viti vya plastiki katika ofisi ya kaunti, wakasubiri zamu yao. Karani alikuwa mwanamke mwenye mafua. Hakuwafokea, wala hakuwaonea huruma. Alisoma mkataba kwa sauti, akawaonyesha mahali pa kutia saini. Verna alilipa dola elfu moja na mia tatu. Karani aligonga muhuri kwenye risiti.

"Imeondolewa kwenye mnada," alisema. "Anayefuata."

Nje, Leonard alikaa kwenye ngazi kwa sababu ya mgongo. Verna alikaa pembeni yake. Hawakufurahi. Walikuwa wamechoka mno. Lakini Verna aliisoma risiti tena, neno kwa neno, kisha akaikunja.

Baridi ile ilikuwa ndefu. Tanuri la zamani lilikohoa, likazimika mara mbili, na Leonard akalitengeneza kwa waya. Verna aliongeza zamu za Jumamosi. Awamu zililipwa, moja baada ya nyingine. Mwezi wa Februari walijaza fomu ya punguzo na ile ya kurudishiwa kodi, wakazipeleka wenyewe. Na kila Jumapili, baada ya kanisa, walifungua barua zote za wiki pamoja, mezani. Hiyo ilikuwa sheria mpya ya Verna. Barua moja ya hospitali ilieleza kwamba wangeweza kuomba kupunguziwa deni. Ilikuwa imekaa juu ya friji miezi saba.

Julai karatasi ya kodi ya shule ilipofika, Leonard aliifungua akiwa bado kwenye ngazi. Ilikuwa imepungua kwa zaidi ya dola mia tatu. Aliisoma mara mbili, kama mkewe. Kisha alikwenda polepole mpaka kibarazani kwa Bernadine, akalipa awamu ya kwanza, akala biskuti mbili na kulalamika juu ya bodi ya shule. Alirudi na risiti akaibana kwenye friji. Mwezi ule ule jimbo lilikuwa limewarudishia sehemu ya kodi waliyolipa. Pesa hizo ziliingia kwenye kopo la biskuti, kwa ajili ya tanuri.

Ile gundi ya karatasi ya kaunti ilikuwa imebandua rangi ya mlango. Leonard aliupaka upya, kijani, akiwa amekaa kwenye kiti.

Alasiri moja Verna alirudi kutoka kazini. Alikuwa amechoka kama kawaida. Alifika kwenye njia ya kwenda nyuma, akasimama. Kisha akazunguka mbele. Aliutazama mlango. Haukuwa na kitu ila rangi. Alitafuta ufunguo ambao hakuwahi kuutumia, akafungua, akaingia.

"Nani huyo?" Leonard aliuliza kutoka jikoni. "Padri?"

"Mtu wa bima," Verna alisema, akavua viatu papo hapo mlangoni.