Mbawakawa wa Kijani

Fundi wa vidani, jirani yetu wa mlango wa pili, alikuwa akiuza mbawakawa. Usicheke. Watu wazima na akili zao waliwavaa shingoni, wamegandishwa ndani ya gundi angavu, kwa sababu mdudu huyo huzikwa buu na kufufuka na mabawa, nao wakasema anayemvaa hafi upesi. Mama yake fundi ndiye aliyewaanika juani, akiwageuza kwa kijiti mpaka wakauke.

Siku hiyo mteja alitaka kidani kabla ya adhuhuri. Mkewe alikuwa akipelekwa kupasuliwa. Fundi akaokota mbawakawa mkubwa wa kijani, aliyeletwa jana tu.

"Huyo bado, mwanangu," mama akasema. "Mwache kwanza."

"Mama nawe. Si amekufa huyo?"

Akammiminia gundi. Mama akaguna, akaenda kujilaza, akilalamika kuwa miguu imekufa ganzi.

Gundi ikaanza kuganda. Fundi akainama kutafuta mapovu. Mguu mmoja wa mdudu ukajikunja, kisha ukakunjuka.

Chumba cha pili mama akakohoa. Fundi akaenda mbio. Mama alikuwa chali, mikono imejikunja kifuani, migumu kama ubao. Macho tu ndiyo yaliyomfuata.

"Kifua," akanong'ona. "Kinabana."

Fundi hakuwa mtu wa kuamini uchawi; imani aliiuza, hakuinunua. Lakini huyu alikuwa mama, na mama hana badala. Akarudi karakanani. Mguu wa mwisho ulikuwa bado unacheza, polepole. Akashika nyundo. Akapiga. Gundi ikapasuka vipande viwili.

Ndani hamkuwa na kitu. Umbo la mdudu tu, tupu.

Kisha mama akaita, akiomba maji. Fundi akamkuta ameketi kitandani, mzima, akilalamikia joto. Alilia kwa furaha bila kuona aibu. Akamfungua gauni lililolowa jasho ili ampanguse mgongo.

Mkono ukasita. Kutoka shingoni hadi kiunoni ulishuka mstari mmoja, umenyooka. Ngozi ya pande zote mbili iling'aa, kijani kwa mbali. Alipoigusa, upande mmoja uliinuka kidogo.

Nje mteja alikuwa akibisha hodi.

"Usiyafungue mabawa sasa, mwanangu," mama akanong'ona. "Ngoja giza liingie."