Jiwe la Mteremkoni

"Kovu, uko wapi?"

"Naanza kushuka mlima, mkuu."

"Lori moja kati ya yale ya mafuta yaliyoegeshwa hapo mteremkoni limejaa baruti. Saa sita kamili wataliachia liserereke mpaka darajani, basi la kutoka mpakani likiwa linavuka."

"Basi lipi?"

Redio ilikoroma.

"Alilopanda mama yako. Pole, mdogo wangu."

Dakika saba.

Kovu alikanyaga mafuta, Land Cruiser ikanguruma. Genge la magendo lilitaka daraja livunjike, barabara kuu ifungwe, mizigo yote ipitie njia zao za panya. Abiria sitini? Shauri yao.

Malori yalikuwa matatu, yote meupe, yote yakitazama daraja kule chini. Kando ya kila moja alijilaza dereva.

Lipi?

Akashuka garini, akatazama matairi.

Marehemu baba yake aliendesha lori barabara hii hii miaka thelathini. Alimfundisha mapema: ukiegesha ukielekea bondeni, jiwe liweke mbele ya tairi. Malori mawili yalikuwa na mawe mbele. La tatu, nyuma. Aliyeliweka ama hajui lori, ama anataka liondoke.

"Dereva, mbona jiwe umeliweka nyuma?" alimuuliza wa lori la tatu.

Yule mtu alichomoa bastola. Alichelewa. Glock ya Kovu ilibweka mara mbili. Risasi moja ikapasua bega, nyingine koo.

Pssss!

Mwenzake ndani ya kabini alikuwa ameachia breki. Lori likaanza kutambaa.

Kovu alirukia ngazi, akavunja kioo kwa kitako cha bastola. Kisu kikamchana mkono wa kushoto. Alimkamata mtu yule kichwa, akakigonga kwenye usukani mara tatu, mpaka akalegea. Akavuta breki.

Lori lilitikisika, likasimama.

Akashuka, akalibeba lile jiwe, akaliweka mbele ya tairi. Kisha akapiga simu.

"Mama, mmefika wapi?"

"Ndiyo tunavuka daraja. Mbona unahema? Umekula?"

"Bado, mama."

"Mtoto wewe! Napaona pale juu baba yako alipokuwa akiegesha. Nikipita hapa lazima nipapungie mkono."

Kovu aliibana simu kwa bega, akauficha nyuma mkono wenye damu, akainua ule mwingine, akapunga.

Basi lilipomaliza kuvuka, akaenda kwenye gari lake kumwarifu mkuu kwa redio.