Zamu ya Nne Ndani ya Zimin

Taulo lilizidi moja. Rimma aliyahesabu tena, maana mfuaji wa meli hakosei mataulo: abiria kumi na wanne walikuwa wameoga kwenye bafu la mvuke, na mbele yake kulikuwa na mataulo kumi na matano yaliyolowa. Hilo lililozidi lilikuwa bado la moto, tena linanuka moshi wa kuni. Bafu la meli yetu, Zimin, ni la umeme. Moshi utoke wapi?

Alilisukumia kwenye mashine pamoja na mengine, akafunga haraka. Alijua. Hilo ndilo linaloniuma mpaka leo, kwamba yule mama alijua.

Zimin ilijengwa na Wafini kwa ajili ya serikali yetu ya zamani, ipasue barafu na kubeba wataalamu wa kupima bahari. Mfini hajengi hata kibanda bila bafu la mvuke, basi wakaliweka chini kabisa, jirani na mitambo. Sisi watu wa Murmansk tukaleta desturi yetu: zamu tatu za kuoga ni za watu, ya nne ni ya Babu, jini mwenye bafu. Na msiniambie kwamba majini ni ya nchi za joto tu! Jini likishapata bafu, la nje halilihusu. Kila Jumamosi walianza watu wa mitambo, wakafuata wa sitaha, kisha wanawake. Halafu unaacha ndoo ya maji moto, kipande cha sabuni na fungu la matawi ya kujichapia mwili uchangamke, unasema, "Karibu, Babu," unatoka kinyumenyume na kufunga mlango. Miaka ishirini na miwili, hakuna aliyechubuka hata kidole.

Nchi ikavunjika. Wataalamu wakaondoka na vipimo vyao, wakaja watalii wa makoti mekundu kupiga picha dubu. Meli ikapakwa rangi, ikapewa jina jipya ambalo silitamki, nalichukia. Maabara ikageuzwa baa. Na zamu ya nne wakapewa wageni waliorudi na boti za mpira kutoka kwenye barafu wakitetemeka.

Wageni wakailalamikia ndoo. Meneja wao, Mswisi aitwaye Reto, akatutangazia: "Nitakayemkamata anaweka uchafu ule anashuka bandari ya kwanza." Serahangi wetu, Gleb, mkuu wa mabaharia wa sitaha, akaendelea kuiweka kwa siri wageni wakishatoka. Aliyemsaidia ni Taisiya, binti wa Rimma, msichana wa miaka kumi na tisa, msafishaji wa vyumba. Kule nyumbani hakukuwa na kazi hata ya kufagia. Rimma akaingiwa na hofu mwanawe asije akafukuzwa. Jumamosi moja akabeba ndoo, sabuni na matawi, akavitupa vyote baharini. Taisiya alimwona.

"Mama! Umefanya nini?"

"Nimekuokoa. Sasa funga mdomo wako."

Taulo lile la kumi na tano lilitokea siku hiyohiyo.

Mabaharia walipoikosa ndoo, wakadhani Reto ndiye aliyeitoa, wakamlaani, na Gleb hakuthubutu kuweka nyingine. Rimma naye akalaani pamoja nao, tena kwa sauti kuliko wote. Jumamosi iliyofuata, bibi mmoja wa Kijerumani alitoka bafuni akiuliza nani amemkwaruza mgongo, na bibi huyo alikuwa ameoga peke yake. Mabomba ya ujia wa kwenda bafuni yakaanza kugongwa kutoka ndani, taratibu, kama mtu anayebisha hodi na ana hakika atafunguliwa.

Jumamosi ya tatu, saa tisa mchana, jua likiwaka juu ya barafu, Taisiya alitumwa kusafisha bafu. Mlango ukajifunga nyuma yake.

Tulikimbia wote. Gleb alivuta kitasa, kikamuunguza kiganja, na fundi akapiga kelele kwamba umeme ameshaukata, lakini mvuke ukazidi kutoka chini ya mlango, mweupe, mzito, wenye harufu ya moshi na ya majani yaliyochemshwa, na ndani yake tukasikia matawi yakichapa, yakinyamaza, yakichapa tena, na kucha zikipita juu ya mbao kutoka pembe hadi pembe bila haraka yoyote, na msichana akilia kwa sauti ndogo ambayo kila ilipopanda ilikuwa kama imefunikwa kwa kiganja.

"Nani kanipora zamu yangu?" iliuliza sauti ya mzee, ya upole kabisa.

Gleb akavua kofia. "Babu, tusamehe..."

"Nani?"

"Anataka mtu ajitaje," Gleb alitunong'oneza. "Akijitaja, atamwachia mtoto. Reto, si wewe? Sema basi, mshenzi wee!"

"Mimi nilikataza tu," Reto alisema, machozi yakimtoka. "Sikutupa kitu. Naapa!"

Rimma alifungua mdomo. Akatutazama, watu aliokula nao miaka ishirini na miwili, aliolaani nao wiki mbili nzima. Akaona aibu. Pumzi moja tu, jamani, pumzi moja! Akaimeza.

"Ni mimi, Babu," Taisiya alisema kutoka ndani.

Mlango ukafunguka. Alitoka kwa miguu yake mwenyewe, hajaungua popote, ila mgongoni alikuwa na alama nyekundu ya kiganja chenye vidole virefu. Gleb aliingia na ndoo mpya, akaomba radhi, akatoka kinyumenyume. Tangu siku hiyo bafu halikupata moto tena, hata fundi afanyeje. "Ameondoka," Gleb alisema, nasi tukafurahi kama wajinga.

Taisiya alimfuata mama yake kwenye chumba cha kufulia.

"Nilisikia viatu vyako mlangoni, mama."

"Mwanangu, nilikuwa nataka kusema..."

"Najua. Nilikusubiri."

Msimu ulipoisha walirudi Murmansk, kwenye nyumba yao ya ghorofa ya tano. Jumamosi ya kwanza Taisiya alijifungia bafuni tangu alasiri. Mvuke ukatoka chini ya mlango, na majengo yale yalikuwa hayajapata maji moto kwa wiki nzima. Rimma alisimama pale na sabuni mkononi, akitafuta maneno ya kuomba msamaha, asiyapate.

"Nifungulie, mwanangu, nikukoshe mgongo."

Ndani, mzee mmoja akakohoa.

"Taisiya! Uko na nani?"

"Nenda kalale, mama," binti alijibu bila hasira yoyote. "Aliyekuwa nami kule ndani ndiye anayenikosha."