Neno la Flemming

Jumanne, saa kumi jioni.

Chumba cha nyuma cha duka la matairi la Leif Bundgaard, mjini Esbjerg, Denmark. Hakina dirisha. Kina meza moja, viti vitatu, na harufu ya mpira ambayo ikishakuingia kwenye koti huitoi hata ufue vipi.

Leif alichora kwa chaki juu ya meza. Duara hili, ukumbi wa kijiji. Mraba huu, ghala. Katikati, shamba tupu.

"Walinzi?"

"Hakuna," Flemming akasema.

"Kamera?"

"Hakuna."

"King'ora?"

"Kilikuwepo. Kilikuwa kinalia paka akipita. Wakakitoa."

"Na ufunguo?"

"Uko kwenye msumari, nyuma ya mlango wa jiko la chakula cha mifugo. Kila mwanachama anajua ulipo."

Leif aliweka chaki chini. Alikuwa mtu mnene, mpole wa sauti, na watu waliomjua waliogopa ule upole kuliko ngumi zake.

"Hawa watu ni wagonjwa?"

"Wanaaminiana, bosi."

Gitte akacheka kwa pua. Gitte ndiye dereva. Alikuwa ameendesha malori ya wizi tangu Leif akiwa na nywele, na hakumpenda Flemming hata kidogo.

Mali yenyewe ilikuwa ngozi za minki, vile vinyama vyembamba vinavyofugwa kwa ajili ya manyoya. Wafugaji wa kijiji cha Vestermose walichunia pamoja, wakakaushia pamoja, na wakati wa Krismasi ngozi za kijiji kizima zililala ghala moja zikisubiri mnada. Mwaka mzima wa jasho la watu, chini ya paa moja, na ufunguo kwenye msumari. Usinicheke. Ndivyo tulivyokuwa tunaishi kijijini kwetu.

Leif ndiye aliyempeleka Flemming kule, miaka mitatu nyuma. Kapande mizizi, alimwambia. Flemming akapanda kweli. Alibeba meza za ukumbini. Alifundisha watoto mpira. Bibi mmoja alipolazwa, alimlishia kuku wake. Hakuna aliyemuuliza ametoka wapi, maana alikuwa wa kwanza kufika na wa mwisho kuondoka. Halafu akampenda Kirsten, binti wa Aksel Nørgaard, mwenyekiti wa ghala. Hilo halikuwa kwenye mpango.

"Mgao wako tunaupeleka wapi?" Leif akauliza.

"Sitaki mgao."

"Rudia."

"Sitaki kitu. Nifanye hii kazi, iishe, mniache pale. Msinijue, nisiwajue. Mtu yeyote asijue kwamba nilikuwa na mkono humu. Hicho tu."

"Kakolea kwa mtoto wa mkulima," Gitte akasema. "Bosi, mtu asiyetaka mgao si mwenzetu. Huyu atatuuza."

Leif akafuta chaki kwa mkono wa shati.

"Jumamosi," akasema. "Ikienda safi, wewe ni wao. Ikichafuka, tutaona wewe ni wa nani."

*

Jumamosi, saa tisa mchana.

Karamu ya Krismasi ilikuwa imeanza tangu adhuhuri. Kijiji kizima kilikuwa ukumbini, samaki wa siki, nguruwe wa kuoka, na glasi ndogo za pombe kali zinazonyanyuliwa kwa pamoja, nyimbo juu ya nyimbo. Kutoka mapema ni tusi. Lakini Flemming alikuwa anajulikana: huyu anatoka kwenda kuleta viti, kuni, barafu. Alipochukua koti lake, Kirsten akamshika kidole.

"Unakwenda wapi tena, bwana wewe? Kaa ule."

"Nakagua kitu. Narudi sasa hivi."

"Siku moja nitakufunga kamba."

Alivuka shamba. Theluji ilikuwa imeyeyuka juzi na udongo ulikuwa uji mtupu. Lori lilikuwa limeshaegeshwa nyuma ya ghala, kinyumenyume. Flemming alifungua kwa ule ufunguo, wakaanza kubeba. Leif, Gitte, yeye. Bunda baada ya bunda, manyoya laini kama shavu la mtoto. Hakuna aliyezungumza. Kutoka ukumbini nyimbo zilisikika, na Flemming aliitambua sauti ya Aksel, nzito, inachelewa kidogo kila mara.

Saa tisa na nusu, giza la mapema la majira ya baridi likianza kuingia, lori lilikuwa limejaa. Gitte akawasha. Lori likasogea hatua mbili, gurudumu la nyuma likazama.

Akakanyaga mafuta. Likazama zaidi.

"Acha," Leif akasema.

"Nitalitoa."

"Nimesema acha."

Hapo ndipo Dorin alipotokea.

Dorin Munteanu alikuwa Mromania. Yeye na wenzake ndio waliochuna zile ngozi, usiku na mchana, mikono imeingia mafuta mpaka kwenye kucha. Waliishi kwenye trela mbili upande wa pili wa mabanda. Karamuni hawakualikwa. Si kwa ubaya, wangekwambia watu wa Vestermose. Ni kwamba tu hakuna aliyewafikiria. Alikuwa ametoka kulisha wanyama, akasikia injini inaunguruma, akaja kusaidia. Alikuwa amebeba ubao wa kuweka chini ya gurudumu.

"Umekwama, rafiki?" akamwambia Gitte.

Kisha akaona mlango wa ghala uko wazi. Akaona shehena. Leif alikuwa nyuma yake tayari. Alimpiga kwa mtaimbo, mara moja, juu ya sikio. Dorin alianguka juu ya ubao wake.

Flemming alipiga magoti. Damu ilikuwa nyingi. Alivua skafu yake, akaifunga kichwani kwa Dorin, akaikaza. Macho ya Dorin yalifunguka kidogo, yakamwona.

"Flemming," akasema. "Kimbia. Wezi."

Kisha akazimia.

Leif alishatoa bastola. "Sogea."

"Usimuue."

"Ametuona. Sogea, Flemming."

"Sikiliza. Ukimuua, hili si la ngozi tena. Polisi watapekua kila zizi. Watapekua duka lako."

"Akiwa hai atasema."

"Aseme." Flemming alikuwa bado amepiga magoti. Alisikia sauti yake inatoka imetulia kabisa, akashangaa inatoka wapi. "Aseme mpaka achoke. Nani atamsikiliza? Wewe huwajui. Huyu hayumo. Anafanya kazi hapa mwaka wa nne na hata jina lake hawalipatii sawa. Neno lake na langu, wakiyapima, hawatapima hata dakika."

Leif alishusha bastola polepole.

"Endelea."

"Tunamlaza ndani. Ufunguo tunautia mfukoni mwake."

Gitte alikuwa amechungulia dirishani mwa lori. Safari hii hakucheka.

"Mungu wangu," akasema. "Na mimi nilidhani huyu ni laini."

Wakambeba Dorin, huku na huku, wakamlaza kwenye sakafu ya ghala tupu. Flemming mwenyewe ndiye aliyetia ufunguo kwenye mfuko wa jaketi lake. Akakumbuka skafu. Kirsten ndiye aliyeifuma. Akaifungua kutoka kichwani kwa Dorin, damu ikaanza upya, akaikunja na kuificha ndani ya shati. Ilikuwa ya moto tumboni.

Walipotoka, taa mbili zilikuwa zinavuka shamba.

Trekta.

"Ni nani huyo?" Leif akauliza, mkono ukirudi mfukoni.

"Aksel. Usiguse kitu. Funga mlango wa ghala. Niachie mimi."

Hapa kwetu, mtu akiona taa za gari zimeinama shambani, haulizi ni za nani. Anawasha trekta. Aksel Nørgaard alikuwa ameziona kupitia dirisha la ukumbi, akaacha nguruwe kwenye sahani, akaja na shati lake jeupe la karamu na kamba ya chuma begani. Alishuka, uso mwekundu kwa pombe na furaha.

"Kijana wangu! Kumbe uko huku unahangaika peke yako? Mbona hukuita?"

"Nimewakuta hawa jamaa wamekwama, mzee. Wamepotea njia. Wanaelekea Herning."

"Herning!" Aksel akacheka. "Mmepotea kweli basi. Mmebeba nini?"

"Magodoro," Leif akasema.

"Haya. Mama, usikanyage mafuta mpaka nikupungie."

Alilala kwenye tope na shati lake jeupe kufunga kamba. Mzee wa miaka sabini. Flemming alimwinamia kumsaidia na hakuweza kumtazama. Trekta ikavuta, lori likatetemeka, likapanda barabarani na mali ya kijiji kizima. Aksel mwenyewe ndiye aliyeitoa. Halafu akampa Leif mkono.

"Ingieni mle kidogo. Chakula kipo kingi."

"Tumechelewa," Leif akasema. "Lakini ahsante. Watu wazuri nyinyi."

Alipompita Flemming alimpigapiga begani, akasema chini chini, "Gitte alikosea. Wewe hutamuuza mtu. Hutathubutu tena."

Lori likaondoka. Aksel akamshika Flemming mkono wakarudi ukumbini kwa trekta, wamebanana kwenye kiti kimoja, mzee akiendelea na wimbo pale alipouachia.

*

Jumamosi, saa moja jioni.

Aliyegundua ni mmoja wa wafugaji aliyekwenda kukojoa nje akaona mlango wa ghala haukufungwa vizuri. Mayowe. Watu wakakimbia na nguo zao za karamu. Ghala tupu. Dorin ameketi kwenye sakafu, amejishika kichwa, na mwanamke mmoja akampekua mfuko akautoa ufunguo mbele ya wote.

Polisi walikuja wawili. Aksel alikuwa amekaa kwenye benchi, tope limemkaukia kifuani.

"Nimewavuta mimi," alikuwa anasema. "Kwa trekta yangu. Mimi mwenyewe."

"Wewe na mchumba wa binti yako mliwaona," polisi akasema. "Huyu mfanyakazi anadai alipigwa. Anasema Flemming alikuwepo, alimfunga jeraha kwa skafu. Kweli?"

Watu wote walimgeukia Flemming. Kirsten alikuwa amesimama karibu naye, amemshika kiwiko. Dorin naye alimtazama kutoka kwenye kiti cha nyuma cha gari la polisi, mlango ukiwa wazi. Alikuwa anatikisa kichwa kumhimiza. Sema, ndugu yangu. Waambie.

Angeweza kusema. Nataka hilo lieleweke. Neno moja, na mtu yule angelala kwake. Lakini neno hilo lingevuta la pili, na la tatu, mpaka chumba cha matairi, na mkono wa Kirsten ungeondoka kwenye kiwiko chake.

"Skafu gani?" Flemming akasema. "Sikumfunga mtu. Nilimwona anaongea na wale jamaa wa lori. Nilidhani anawaelekeza njia."

Dorin aliacha kutikisa kichwa. Hakuelewa. Kidenmaki chake kilikuwa cha kazini tu, na polisi alifunga mlango kabla hajauliza.

"Walimtumia wakamtupa," mtu akasema.

"Siku zote nilisema," mwingine akasema, ingawa hakuwahi kusema.

Aksel aliinuka, akamkumbatia Flemming, tope na yote. "Tumechezewa wote wawili, kijana wangu," akasema, akilia. "Bora ulikuwa na mimi. Bora nilikuwa na wewe."

*

Jumatatu, saa tatu asubuhi.

Kikao kilikuwa kifupi. Waromania waondoke kwenye trela kabla ya Krismasi, wote. Hakuna aliyetaka kwenda kuwaambia. Watu wakatazamana, halafu wakamtazama mtu mmoja.

"Nenda wewe, Flemming," Aksel akasema. "Wewe wanakuamini."

Alikwenda kwa miguu. Aligonga mlango wa trela ya kwanza. Mke wa Dorin ndiye aliyefungua, Mihaela, macho yamevimba. Alipomwona, uso wote ukafunguka.

"Nilijua utakuja," akasema. "Dorin amenipigia kutoka huko polisi. Amesema nisiogope. Amesema, mtafute Flemming, yeye alinifunga damu, alikuwepo, aliona kila kitu. Polisi hawakumsikia vizuri tu. Atakwenda kurudia." Alimvuta mkono. "Ingia, ingia, kuna baridi. Nimepika kahawa."

Flemming alivua viatu, akaingia.