Vazi la Pili la Binti Radi

"Harusi hakuna," Sindano alisema, akaiweka padi ya gemu mezani taratibu, kama mtu anayelaza mtoto.

Chaji, mchumba wake, fundi simu, akadhani ni hasira za aliyepigwa raundi tatu mfululizo. Akacheka. Hilo lilikuwa kosa la kwanza mchana ule. La pili ni kuuliza:

"Kwa sababu ya gemu?"

Ndugu msomaji, ilikuwa kwa sababu ya gemu. Wote wawili walimpenda mpiganaji mmoja, Binti Radi, mwenye gauni jekundu na mkanda wa dhahabu. Mkimchagua wote, aliyewahi kubonyeza hupewa gauni jekundu. Aliyechelewa huvishwa vazi la pili, la kijani kile cha dawa ya kikohozi. Na tangu waanze kupendana humo kibandani mwa Chaji, kati ya gemu na simu mbovu, Chaji hakuwahi kuchelewa.

"Nyumba umechagua wewe," Sindano akasema. "Kochi wewe. Sasa nasikia hata kitambaa cha gauni langu la harusi umeshanunua. Mimi, mshonaji?"

"Nilitaka kukurahisishia."

"Unabonyeza kabla sijanyanyua kidole, Chaji. Sitaki kuishi nimevaa dawa ya kikohozi."

Akaondoka. Chaji akabaki na simu za watu zimepasuliwa matumbo, akawa anafunga kioo cha huyu kwenye simu ya yule. Jioni shangazi yake Sindano akamwandikia: "Baba, huku mtu analia juu ya cherehani. Umemfanya nini mwanangu?"

Akajibu kwa unyenyekevu: "Nimewahi, Shangazi."

Shangazi akasoma mara mbili, akaelewa vibaya, na hapo tumwache apumzike.

Kesho yake Chaji akapiga simu, akaomba raundi moja tu. Sindano akaja, uso umekunjamana kama shati la bweni. Wakakaa, wote wakasogeza vishale vyao juu ya picha ya Binti Radi. Kioo kikaanza kuhesabu kurudi nyuma. Chaji akaikalia mikono yake yote miwili.

"Bonyeza," Sindano akasema.

"Tangulia."

"Unaumwa?"

"Nakusubiri. Kitambaa nimekirudisha dukani. Nyumba twende ukaione. Ukiikataa, tunatafuta nyingine."

Sindano akamkodolea macho, naye akasahau kubonyeza. Muda ukaisha, na gemu, kwa kuchoshwa nao, ikawachagulia yenyewe: wazee wawili wa mieleka, vitambi nje, chupi za mistari. Walicheka hadi mteja aliyefuata simu yake akageuzia mlangoni.

"Rudia," Sindano akasema, akifuta machozi. "Safari hii nabonyeza mimi."

Siku ya harusi bibi harusi aliingia na gauni jekundu na mkanda wa dhahabu, kazi ya mikono yake. Nyuma yake akafuata bwana harusi, ndani ya suti ya kijani aliyoshonewa na cherehani ileile. Ukumbi mzima ukakohoa.

Shangazi akamsogelea, akamnong'oneza:

"Baba, rangi hii umechagua mwenyewe?"

"Hapana, Shangazi," Chaji akajibu, meno yote nje. "Leo nimechelewa."